Sikitu Kwale na Nguchiro Aliyesema Peke Yake

Paukwa.

(Pakawa.)

Pakawa nini?

(Pakawa msitu.)

Msitu una nani?

(Una anayekimbia na anayekimbiza.)

Nimshike yupi?

(Mshike anayekimbia, umlete tumsikie.)

Haya, nimemshika. Moyo wake unanidunda kiganjani, kwa hiyo msipige kelele. Wa nyuma sogeeni mbele, wenye kikohozi kohoeni sasa.

Hapo kale, kale ya mababu wa mababu, wanyama walipokuwa na maneno na watu wakiwa na masikio, palikuwa na msitu mmoja ukiitwa Kwemhingo. Msitu wa mlimani, wa ukungu asubuhi na matone kutwa. Juu, miti imeshikana mikono. Chini, kiza, uyoga na majani makavu. Na katika majani hayo waliishi kwale.

Kwale mnamjua. Si kuku, si kanga. Ni ndege wa chini, rangi yake ni ya majani yaliyooza, mabawa anayo lakini kuruka anaona tabu. Akitulia unaweza kumpita ubavuni usimwone. Hana pembe, hana sumu, hana meno. Ana kutulia tu. Hiyo ndiyo nyumba yake, hiyo ndiyo ngome yake, hiyo ndiyo silaha yake.

Basi masika ya mwaka mmoja kwale fulani akaangua. Vifaranga wakatoka, wakakauka, na kabla jua halijapinda wakawa wanatembea. Wa mwisho kutoka alikuwa jike. Huyo hakungoja kukauka. Alitoka na kipande cha ganda mgongoni, akaondoka nacho. Mama akamwita. Akaja, akaona mdudu njiani, akageuka. Mama akamwita tena. Akaja, akaona jani linapepea, akageuka. Baba mtu akauliza, "Huyu ana nini?"

Mama akasema, "Si kitu. Atatulia."

Jina likawa hilo hilo. Sikitu.

Mama kwale alikuwa na somo moja tu la kuwafundisha wanawe. Aliwaambia, "Mkinisikia nasema tsss, kila mtu abaki alivyo. Aliyeinua mguu asiushushe. Aliyefungua mdomo asiufumbe. Aliyekuwa anacheka achekee tumboni."

Siku ya kwanza kivuli cha mwewe kikapita. Tsss. Wote kimya. Sikitu akageuza shingo atazame. Mwewe akaenda zake.

Siku ya pili kima wakashuka chini, mikono yao mirefu. Tsss. Wote kimya. Sikitu akajikuna. Kima wakaenda zao.

Siku ya tatu akaja Nguchiro.

Nguchiro mnamjua pia. Mwili mrefu, miguu mifupi, macho mekundu, pua haipumziki. Anakula nyoka, anakula panya, anakula mayai, na mayai yakikosekana anakula walioyatoka. Tsss, akasema mama. Wote wakaganda. Nguchiro akaja mpaka katikati yao, akanusa, hakuona kitu. Akawa anageuka aende.

Sisimizi alikuwa amempanda Sikitu kidoleni. Akainua mguu. Kidogo tu, wala hakuuinua wote. Jani likasema kwacha.

Nguchiro akaruka kuelekea lile jani. Sasa, kati ya Nguchiro na lile jani alilala kaka yake Sikitu, jina lake Chande. Huyu Chande alimpenda sana dada yake, alimfuata kila aendako. Na siku ile alikuwa amelala kama alivyofundishwa, kimya, kidevu chini. Kucha za Nguchiro zikamwangukia yeye. Hakulia. Hakupata nafasi ya kulia.

Mama hakumpiga Sikitu. Hakumsema. Laiti angemsema. Jioni aliwafunika wote kwa mabawa yake, na Sikitu akalala miguu ikiwa nje, inatetemeka kama iko juu ya jiko.

Tangu siku ile Sikitu hakukalika. Wenzake wakipekua majani mahali pamoja mpaka washibe, yeye hapa kadonoa, pale kadonoa, kule keshafika. Na akitembea alijiimbia. Itikieni kidogo, wimbo wenyewe mfupi:

*Kwe kwe, nipo, sipo,*
*ardhi yachoma nyayo,*
*kwe kwe, nipo, sipo.*

Masika yakaisha, kikaingia kipupwe. Baridi ikashuka na ukungu, minyoo ikaja juu, vifaranga wakaota manyoya ya kiume na ya kike. Kwale wakifika hapo hawakai tena pamoja. Watoto wakatawanyika. Huyu akachukua kichaka cha mashariki, yule bonde la chini, yule akaona uvivu, akakaa pua na mdomo na mama yake.

Sikitu alikuja kuaga. Mama yake akamtazama miguu.

"Wewe unakwenda wapi?"

"Sijui, mama. Mbele."

"Mbele kuna jina?"

"Nikifika nitalijua."

"Mwanangu, mtembezi hula miguu yake."

"Nikikaa, mama, nalisikia lile jani."

Ilikuwa mara ya kwanza kati yao jani lile kutajwa. Akamlainisha manyoya ya shingoni, mara moja, akamwacha aende.

Sikitu akaenda. Akakaa kwenye mianzi, mianzi ikigongana kwa upepo akaruka usingizini, akahama. Akakaa kwenye majani ya mwituni kando ya kijito, maji yakisema chururu akaona kama yanamnong'oneza, akahama. Akakaa juu kabisa, penye miti mifupi yenye ndevu za kuvu. Kukawa kimya, hakuna kitu. Na ule ukimya ndio uliomshinda kuliko vyote. Akahama.

Vuli ikaja. Mvua ndogo ndogo, siafu njiani, majogoo wa kwale wanaita kila upande wa mlima. Jogoo mmoja, kifua mbele, akamsimamisha njiani.

"Bibi, kwangu kuna mchwa. Kuna kivuli. Maji hatua chache. Unataka nini tena?"

"Sijui."

"Hujui unachotaka?"

"Nikijua nitakuja nikwambie."

Akaja wa pili naye akajibiwa vivyo hivyo. Wakaanza kumsema. Wakasema ana maringo. Wakasema ana wazimu. Wazee wakasema mbio za sakafuni huishia ukingoni, na Sikitu akacheka, akapita.

Lakini wazee wakisema jambo, wasikilize hata kama hawapendezi. Vuli ikaisha, kikaingia kiangazi, na kiangazi cha mwaka ule kilikuwa kikali. Majani yakakauka mpaka kila hatua ikawa kelele. Kijito kikazama mchangani. Mchwa wakashuka chini kabisa, mahali mdomo wa kwale haufiki. Sikitu akafuata njaa yake, ikamteremsha, ikamteremsha, mpaka ukingo wa msitu, penye mashamba ya iliki na vijishamba vya mahindi. Huko hakuwahi kufika. Na mnajua, kuku mgeni hakosi kamba mguuni.

Akakuta uzio. Uzio wa ajabu, mfupi, wa vijiti vilivyosimama karibu karibu, unafika goti la mtu. Kila baada ya vijiti kadhaa umeachwa mwanya. Na ng'ambo ya mwanya, punje za mahindi, njano, zimemwagwa ovyo ovyo kama zimedondoka zenyewe.

Sikitu akasogea. Akainamisha kichwa aingie.

"Bibi," sauti ikasema, "hapo kuna kuingia, hakuna kutoka."

Akatazama juu. Kwenye kisiki alisimama jogoo wa kwale, si mkubwa, manyoya yamechakaa. Mguu wake mmoja haukuwa na kidole cha mbele.

"Tazama mwanyani vizuri," jogoo akasema. "Uzi wa mkonge. Unaona? Ukipitisha shingo unakuvaa. Ukijivuta unakaza."

"Wewe umejuaje?"

Jogoo akainua ule mguu. "Mimi nilipitisha mguu. Nilikuwa na bahati."

"Na mahindi unayalaje?"

"Uzio ni mfupi. Aliyeujenga anatujua, anajua kwale ataona mwanya kabla hajaona juu. Ruka tu."

Akaruka, akaruka na Sikitu, wakala. Jogoo huyo jina lake Kibwana. Wakawa wanaonana kila siku penye uzio. Hakumwambia kwangu kuna mchwa. Hakumwambia kaa. Sikitu akisema, "Kesho naondoka," yeye husema, "Haya." Kesho yake wakikutana husema, "Habari za safari?" Na Sikitu, aliyekuwa amekimbia kila aliyemwambia kaa, akashangaa kuona kiangazi kinakwisha naye bado yupo pale pale.

Ndivyo walivyooana. Hakuna aliyewaoza.

Masika yakarudi. Mvua za kwanza zilipogonga majani, Kibwana na Sikitu wakapanda juu msituni, wakatafuta korongo moja lililofichika. Chini ya mti mkubwa mzizi ulikuwa umeinuka kama ukuta. Nyuma ya ule mzizi Sikitu akaparua udongo, akatandika majani, akataga. Mayai yake yalikuwa meupe yaliyoungua kidogo, kama maziwa yaliyopita motoni.

Kwa kwale kazi zimegawanywa tangu enzi. Jogoo huita. Anakaa mbali na kiota, anaita huko, ili mwenye masikio mabaya amfuate yeye. Jogoo halalii mayai. Hajui, hafundishwi, na akijaribu anachekwa. Anayekaa ni mke. Anakaa asubuhi, anakaa mchana, anakaa mvua inanyesha mgongoni, anatoka kidogo tu kula na kurudi.

Sasa fikirini. Katika kwale wote wa Kwemhingo, nani amepewa kazi ya kukaa?

Siku za kwanza Sikitu aliona atakufa. Miguu ilimwaka chini ya tumbo. Alipindua mayai, akayapindua tena, si kwa sababu yalitaka kupinduliwa. Wimbo wake aliuimba moyoni, mdomo umefungwa. *Kwe kwe, nipo, sipo.* Kibwana alipokuja kumtazama, akiwa mbali, alimuuliza kwa macho, vipi? Naye alijibu kwa macho, bado nipo.

Mara habari ikafika kwa Nguchiro kwamba kwale amelala katika lile korongo. Nani alimpa habari, sijui. Msitu una midomo. Lakini wapi hasa, hakujua. Na kwale aliyelala juu ya mayai hatoi hata harufu, pua ya Nguchiro haimsaidii. Basi Nguchiro akatumia akili. Alimjua Sikitu. Nani hakumjua? Akasema, huyu sihitaji kumtafuta. Nitamfanya ainuke mwenyewe.

Akaingia korongoni kwa adabu, mkia chini, kama mgeni.

"Hodi, wenyewe. Hodi." Kimya. "Ah, hakuna mtu. Basi mimi mzee nitasema na miti." Akaanza kutembea polepole, anasema peke yake, na macho yake mekundu yanapita kila jani. "Enyi miti, mmesikia? Pale kwenye gogo lililoanguka kumbikumbi wametoka. Wametoka kama moshi. Wanono, mafuta matupu. Ndege wote wako huko, wanakula mpaka wanalala. Asiyekwenda sasa hakuti hata bawa."

Sikitu alikuwa na njaa. Tangu asubuhi hajala. Miguu ikasema twende. Tumbo likasema twende. Yeye akabana mayai kifuani, akakaa. Nguchiro akapita, akaondoka.

Siku ya pili akaja tena.

"Hodi, wenyewe. Hakuna mtu? Basi nitasema na miti. Enyi miti, wanaume wa siku hizi mmewaona? Kibwana yule asiye na kidole, nimemwona ng'ambo na kijike kingine. Kichanga, kinono. Anaruka uzio kukionyesha. Kinacheka, naye anacheka. Mke wake, sijui yuko wapi maskini, labda amemsahau."

Hilo lilimchoma Sikitu kuliko njaa. Ruka uzio, alikuwa amefundishwa yeye hivyo, yeye peke yake, alidhani. Shingo ikasimama. Manyoya yakasimama. Ndipo chini ya kifua chake kitu kikagonga. Tik. Yai moja limegonga kwa ndani, kama mtu anayebisha mlango. Sikitu akashusha shingo. Akakaa. Nguchiro akapita, akaondoka.

Siku ya tatu mvua ilikuwa imefunga mlima mzima, nyeusi, haijaanguka. Mayai yalikuwa yameanza kupasuka. Na Nguchiro akaja, safari hii hakubisha hodi. Akakaa kitako katikati ya korongo.

"Enyi miti," akasema taratibu, "leo nitawasimulia kitu kitamu. Masika yaliyopita nilimla kifaranga mmoja wa kwale. Alikuwa mtoto mwenye adabu yule. Amelala kimya, kidevu chini, kama alivyofundishwa. Nisingemwona. Nilikuwa naondoka. Dada yake ndiye aliyeinua mguu. Basi kila nikipita hapa namshukuru yule dada. Popote alipo, ahsante yake."

Msinitazame hivyo. Si mimi niliyesema, ni Nguchiro.

Sikitu alisikia. Alisikia kila neno. Na kitu cha ajabu, miguu yake haikuwaka. Ilipoa. Alikuwa anajua tangu utoto kwamba siku moja mtu atalisema lile jambo kwa sauti. Sasa limesemwa, na yeye bado yuko juu ya mayai, bado anapumua. Angeweza kukaa hapo mpaka Nguchiro achoke.

Lakini yai likasema, "Pii."

Nguchiro akanyamaza. Sikio lake moja likageuka.

Hapo Sikitu akaelewa. Kutulia kulikuwa kumemaliza kazi yake. Mama yake alimfundisha jinsi ya kutulia, hakumfundisha la kufanya kutulia kunapoacha kufaa. Yai likisema pii mara ya pili, Nguchiro atajua ni wapi.

Akateleza nje ya kiota taratibu, tumbo chini, kama maji. Akaufuata mzizi kwa nyuma. Akapita chini ya majani ya mwituni, akazunguka, akatokea upande mwingine wa korongo, nyuma ya Nguchiro, mbali na mayai. Hapo akainua mguu wake mmoja, akaushusha makusudi juu ya jani kavu.

Kwacha.

Nguchiro akageuka, meno nje, anacheka. "Nilijua. Miguu yako hailali."

Sikitu akaruka juu, akaanguka. Akajaribu tena, akaanguka. Bawa lake la kushoto lilijilaza chini, likiburuta majani, na yeye analia kilio cha kwale aliyekwisha.

"Mzee Nguchiro, niache. Tawi limeniangukia, bawa limevunjika."

"Pole, binti yangu. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Wewe Mungu amekuhurumia, amekuvunja bawa." Nguchiro akajilamba. Akasema moyoni, nyama kwanza, mayai baadaye. Mayai hayana miguu.

Akamrukia. Sikitu akajiburuta mbele, kidogo tu kupita urefu wa kucha.

*Kwe kwe, nipo, sipo.*

Wakavuka kijito. Nguchiro akakaribia, Sikitu akayumba, Nguchiro akauma maji.

*Kwe kwe, nipo, sipo.*

Wakaingia kwenye mianzi. Sikitu aliijua, alilala humo usiku mwingi mbaya. Akapita hapa, akachepuka pale, lakini asipotee sana. Mwindaji ukimpotea hurudi alikotoka. Alimngoja. Alimngoja karibu mno, na Nguchiro akamfikia, akamnyofoa manyoya ya mkia, nyama kidogo na damu. Kilio cha Sikitu hapo hakikuwa cha kuigiza.

*Kwe kwe, nipo, sipo.*

Wakateremka. Miti ikaanza kupungua. Harufu ya iliki ikaja. Na mbele yao, mfupi, wa goti la mtu, uzio wa vijiti.

Sikitu akakimbia moja kwa moja mpaka usoni pa uzio. Ghafla bawa lililovunjika likapona. Akaruka juu, akatua ng'ambo. Nguchiro aliyekuwa nyuma yake hakuona juu. Nani anayekimbiza nyama akatazama juu? Aliona mwanya. Akauingia kwa nguvu zake zote, na uzi wa mkonge ukamvaa kiunoni.

Akajivuta mbele, ukakaza. Akajivuta nyuma, ukakaza. Akajiviringisha, vijiti vikapiga kelele, ukakaza zaidi.

"Sikitu, binti yangu," akasema akihema. "Nilikuwa natania. Yale maneno ya asubuhi ni mazungumzo tu."

Sikitu alikuwa amesimama karibu, mkia unavuja damu. Alikuwa amengoja mwaka mzima kumwambia Nguchiro jambo, na sasa hakuona la kumwambia ila ukweli.

"Mzee, tulia. Uzi huu ukijivuta unakaza. Ukitulia unalegea."

"Unanidanganya."

"Sikudanganyi. Tulia tu."

"Unataka nikae nife."

"Kaa kimya, uzi utalegea, utatoka. Nimemaliza."

Nguchiro hakuweza. Aliyewafanya wengine wasitulie, yeye mwenyewe alishindwa kutulia hata kwa pumzi tatu. Alijivuta, akajivuta, uzi ukamchora mwilini mstari juu ya mstari. Kutoka upande wa iliki zikaanza kusikika nyayo za mwenye shamba, na Sikitu akaondoka. Kama Nguchiro aliukata uzi kwa meno au alikamatwa, mimi sikuwapo. Kuna wanaosema alitoka, na kwamba ile milia ya mgongoni mwa ukoo wake ni uzi ule. Mkikutana naye muulizeni.

Sikitu akapanda mlima mbio, na mvua ikaanguka.

Kulikuwa mbali. Alikuwa amemvuta Nguchiro mbali sana na mayai yaliyopasuka, yaliyo wazi, na sasa maji yanamwagika kama ndoo imepinduliwa. Yai likipoa wakati mtoto yuko mlangoni, mtoto hatoki. Alikimbia hata wimbo wake aliusahau.

Alipofika nyuma ya mzizi, alimkuta Kibwana.

Kibwana, jogoo, alikuwa amelalia mayai. Amelala vibaya. Mkia juu, mabawa ameyatandaza kama anayeanika nguo, na yai moja limemponyoka kifuani liko nje kabisa. Maji yanamtiririka machoni. Majogoo wote wa mlima wangemwona wangezimia kwa kicheko.

"Niliwasikia watoto wanalia," akasema. "Sikujua pa kuanzia. Nikakaa tu."

Sikitu hakucheka. Alimsogeza pembeni, akaingia mahali pake, akalivuta lile yai la nje kwa mdomo. Wakakaa hivyo, mmoja juu ya mayai, mmoja amesimama akimkinga mvua kwa ubavu, mpaka mvua ikapita.

Asubuhi vifaranga wakatoka. Mmoja, wa pili, wa tatu, na wengine. Wakakauka, wakasimama, wakaanza kutangatanga. Mayai mawili yakabaki.

Sikitu akakaa juu ya yale mawili.

Kibwana akawachukua wadogo mpaka kwenye majani laini, akawaonyesha mchwa. Hajui kuwaonyesha, akameza mwenyewe, akawaonyesha tena. Jua likasogea. Akarudi.

"Mama watoto, twende. Mvua nyingine inakuja, na hawa hawajui kujificha."

"Bado hawa wawili."

Kibwana akainama, akaweka sikio. Akakaa hivyo kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika. "Hawajibu," akasema.

"Wamechelewa tu. Nami nilikuwa wa mwisho."

Kibwana hakubisha. Hakumwambia inuka, kama ambavyo hakuwahi kumwambia kaa. Akarudi kwa wadogo. Na Sikitu, yule yule wa mianzi na wa kijito na wa juu kabisa penye ndevu za kuvu, akaona kwamba hawezi kuondoka. Mayai yale yalikuwa baridi kama mawe ya mtoni. Alijua. Alikuwa amekwenda akarudi, na kati ya kwenda na kurudi ndipo walipopoa hawa. Akiinuka itakuwa kweli. Basi akakaa, na hakuna sehemu ya mwili wake iliyotaka kwenda popote.

Wingu likashuka. Huko kwenye majani ya mwituni kifaranga mmoja akapoteana na wenzake, akaanza kulia. Kibwana akaita upande huu, kifaranga akakimbilia upande ule. Kilio kikaenda mbali, kikarudi, kikaenda mbali zaidi.

Sikitu akasikiliza kilio. Akasikiliza mayai. Akasikiliza kilio.

Akainuka. Miguu ilikuwa imekufa ganzi kwa kukaa, hatua ya kwanza akaanguka kifudifudi. Akajizoa. Akageuka, akavuta majani kwa mdomo, akayafunika yale mawili vizuri, kama mama anavyofunika waliolala. Kisha akaita, na yule mpotevu akaitika, naye akamfuata anakoitikia, akichechemea, mpaka damu ikarudi miguuni.

Hapo nimemwachilia kwale wangu. Kiganja changu kimebaki na joto lake tu, na unyoya mmoja. Aliyesikia vizuri achukue unyoya, aliyesinzia achukue joto akalale nalo. Mimi njia yangu ni hii, ninyi njia yenu ni ile, na msitu ubaki na wenyewe.

(Ubaki na wenyewe.)